Msimuliaji wa Katuni Zisizosema

Jumamosi, 3 Novemba 2007

Joto. Novemba, na bado joto! Nimesimama geti la hoteli hapa Al Barsha tangu saa kumi na mbili asubuhi, shati la sare limenigandia mgongoni kama stempu.

Saa tatu teksi ikaleta bibi mzee Mfaransa na masanduku saba ya bati. Nikarukia sanduku moja. Kubeba mizigo si kazi ya mlinzi, lakini mwenye masanduku saba ni mtu mwenye siri. Anaitwa Madam Odile. Miaka sabini hivi, raba miguuni, sauti ya mwalimu mkuu. Nikamuuliza kwa adabu ndani mna nini. Akanijibu: vita. Nusura niangushe sanduku.

Kumbe filamu. Katuni! Katuni bubu, zilizochorwa miaka tisini iliyopita, wakati wa ile vita kuu ya kwanza, ili askari waliokatwa miguu wapate cha kuchekea hospitalini. Sasa atazionyesha kwenye ukumbi mdogo wa hoteli, kila siku saa kumi, wiki nzima. Anahitaji mlinzi wa ndani. Wa NDANI! Kiti. Kiyoyozi. Maji ya barafu.

Nani amechaguliwa? Yekoniya. Yule Mganda anayelala kitanda cha chini ya changu kule kempu ya wafanyakazi, Al Quoz. Mtu wa maneno kumi kwa siku! Bwana Zein, supavaiza wetu, anasema amemchagua kwa sababu ametulia. Bwana Zein amezaliwa hapa Dubai, wazee wake ni wa Unguja, na akishasema, limekwisha.

Nikapanga. Nilikuwa nimemsikia Madam akimwambia meneja kwamba filamu za zamani hushika moto zenyewe. Basi saa sita nikamvuta Yekoniya pembeni, nikamnong'oneza kwamba masanduku yale ni mabomu ya karatasi, kwamba mimi kama ndugu nisingependa kumsafirisha Entebbe akiwa ndani ya bahasha, na kwamba niko tayari kujitoa mhanga nikae badala yake.

Akanisikiliza. Akatikisa kichwa. Akaenda moja kwa moja kuleta mitungi miwili ya kuzimia moto, akaiweka kila upande wa projekta.

Madam Odile alikaribia kumbusu. Akamweleza kuwa zile za kushika moto ziko kwao kwenye makumbusho, hizi ni nakala salama, ila kwa miaka thelathini hajapata kuona mlinzi makini kama huyu. Bwana Zein akampa Yekoniya mkono mbele ya watu.

Mimi nimerudi getini. Jua pia limerudi.

Jumapili, 4 Novemba

Leo nimeona! Lazima niandike kabla sijasahau hata mstari mmoja.

Yekoniya alikwenda chai, nikaachiwa mlango kwa dakika ishirini. Ukumbini wageni wanne tu. Wawili wanabonyeza simu, mmoja kalala, wa nne anatafuta choo. Taa zikazimwa. Projekta ikaanza kukereza kama cherehani. Na kwenye ukuta akatokea mtu wa wino.

Askari mfupi. Kofia ya chuma kubwa kama sufuria ya harusi, masharubu mawili, hana shingo. Yuko kwenye handaki, matope mpaka magotini. Mvua imemlowesha, anataka kuanika chupi yake. Anafunga kamba, inakuwa fupi. Anairusha upande wa pili, kwa maadui. Adui mmoja anaishika, anaifunga kwake kwa heshima zote, halafu naye anaanika soksi! Pande zote mbili zinaanika. Shati huku, suruali kule. Mara kombora linakuja, jeusi, limekunja uso. Askari wetu analitazama. Linalia maji kama nguo. Analidaka, analibana kwenye kamba kwa vibanio viwili, analiacha likauke!

Nilicheka. Mungu wangu, nilicheka! Si kicheko cha mlinzi. Kicheko cha kwetu Vihiga, cha kuita ng'ombe. Aliyelala akaamka. Aliyetafuta choo akakiona.

Taa zikawashwa, Madam akaja mbio kuuliza ni nani. Nikajua kazi imekwisha. Nikanyoosha kidole kwa yule aliyekuwa amelala. Hakudanganyika. Akaniambia kwamba mchoraji alichora kila picha kwa mkono wake, picha kumi na sita kwa kila sekunde moja. Filamu nzima dakika saba. Nikahesabu kwa vidole, nikaishiwa vidole. Zaidi ya picha elfu sita! Ili chupi ikauke!

Nimelala kitandani, nafikiria mkono wa yule mtu. Nje kwao mizinga inalia, na yeye yuko mezani anachora kibanio. Kimoja. Kisha kingine kilichosogea unywele mmoja. Huyo ni mwanamume.

Jumatatu, 5 Novemba

Mimi pia naweza.

Rejista ya wageni ya geti ina kurasa mia mbili, na kila ukurasa una kona tupu. Kona tupu ni dhambi. Nikaanza saa moja asubuhi: askari anainua mkono kupiga saluti. Ukurasa wa kwanza mkono chini. Wa pili umepanda kidogo. Kufikia saa tano nilikuwa na picha kumi na nne na kidole chenye lengelenge. Mkono umefika kiunoni. Saluti bado iko mbali kama Mombasa.

Magari yalipiga honi. Niliyapungia tu yaingie. Sanaa ina gharama.

Jioni Rispah alipita. Rispah ni dada wa Kisii anayefanya usafi vyumbani, ana miaka kumi na mmoja Dubai, wote tunamwita Mama hata wanaomzidi umri. Nikampitishia kurasa kwa kidole gumba, haraka haraka. Akatazama kwa makini. Akauliza kwa nini huyu mtu anajikuna.

Nikamwambia hajui sanaa. Akasema anajua kujikuna.

Jumanne, 6 Novemba

Maafa.

Picha ziko arobaini na tatu, saluti imefika kwenye kofia, nimeongeza kombora linaloingia kutoka kulia. Saa nane Bwana Zein akaja kukagua. Ghafla! Bila hata kukohoa! Akataka rejista aone gari gani liliingia jana saa tano. Hakuna gari lililoandikwa jana saa tano. Alichokikuta ni kiwiko.

Akafungua ukurasa wa pili. Wa tatu. Akashika kona, akaachia kurasa zipite chini ya kidole. Frrr. Akarudia. Frrr. Mara ya tatu nikaona mdomo wake unacheza, nikajua nimepona.

"Gibson," akasema, "hichi ni kitabu cha wageni, si ukuta wa chooni. Na kombora lako lina masikio."

Ni mabawa. Sikubisha.

Adhabu: kesho na keshokutwa niko nyuma, kwenye mapipa ya taka za jikoni. Na nikitoka zamu ninakili rejista nzima upya kwa mwandiko safi. Akaondoka na rejista ile ya zamani kwapani, eti ni ushahidi. Kupitia dirishani nilimwona anamwonyesha meneja. Frrr.

Jumatano, 7 Novemba

Mapipa. Sitayaelezea.

Lakini habari! Madam Odile amekata shauri. Amechoshwa na wageni wa hoteli. Anasema katuni hizi zilichorwa kwa ajili ya wanaume waliochoka, walio mbali na kwao, wanaolala wengi chumba kimoja. Akamuuliza Bwana Zein kama anajua wanaume wa namna hiyo. Bwana Zein akamjibu kwamba anao mia tatu, wako Al Quoz.

Kwa hiyo Ijumaa saa tisa alasiri, ukumbi wa kulia chakula wa kempu yetu! Rispah ameomba ruhusa kwa madam wake wa stoo ya mashuka, ataleta shuka la kitanda kikubwa kuliko vyote hotelini liwe skrini.

Shida moja. Filamu zina maandishi hapa na pale, na ni ya Kifaransa. Nani atawaeleza watu? Kwa unyenyekevu nikajitokeza kutoka kwenye mapipa. Nikasema kwamba kwetu Vihiga nilikuwa msimuliaji wa filamu wa lokesheni nzima, kwamba machifu walikuwa wakiahirisha mabaraza wanisikilize.

Uongo. Niliwahi kutangaza mbio za magunia, mara moja, nikakosea mshindi.

Ndipo Rispah akasema, kwa upole, kwamba Yekoniya ndiye aliyekuwa mfasiri wa filamu. Masaka! Kwenye kibanda cha video, miaka minane! Watu walikuwa wakitembea maili kumi kusikia sauti yake tu. Sikujua! Miezi kumi na tisa nalala juu yake, hakuwahi kusema!

Bwana Zein akaamua kwamba mmoja wetu atashika kipaza sauti na mwingine atakaa na Madam kwenye projekta. Tuelewane wenyewe kufikia kesho.

Kuelewana. Hehe.

Alhamisi, 8 Novemba

Mpango ulikuwa huu. Msimuliaji ni koo. Koo likiungua, msimuliaji hayupo. Nikapika maharage kwa ajili ya Yekoniya, kwa moyo wa kindugu, nikatia pilipili kichaa kumi na mbili. Sufuria lenyewe lilikuwa linakohoa.

Nikamwandalia sahani. Akashangaa, maana tangu tufahamiane sijawahi kumwandalia hata glasi ya maji. Akaonja. Akafumba macho. Nikasubiri moto.

Akasema ni tamu sana. Akasema mama yake hupika hivi. Akamaliza, akaongeza, akafuta sahani kwa chapati. Halafu akanitazama, akauliza mbona mimi sili, au mpishi anaogopa chakula chake?

Ikabidi nile. Kijiko kimoja. Sikumbuki cha pili. Nakumbuka nikiwa nimelala sakafuni huku Yekoniya ananipa mtindi, ananifuta machozi kwa taulo lake mwenyewe, taratibu kama muuguzi.

Nilipopata ulimi, nikamuuliza wazi: kipaza sauti tunagawana vipi? Akaniambia nichukue mimi. Hivyo tu! Nikamuuliza kwa nini. Akasema: "Gibson, nilikuwa nafasiri filamu za maneno. Hii picha haijaomba mdomo."

Wivu. Ameogopa. Nimeshinda!

Nimeandika kurasa tisa za kusimulia. Kiswahili, Kiingereza, na Kihindi nilichokusanya kwa madereva wa basi la kampuni. Kwa ile filamu ya supu peke yake nina kurasa nne. Madam aliniazima maelezo yake, kwa hiyo najua kila kinachotokea. Yeyote atakayekuwa ndani ya ukumbi ule atakijua dakika moja kabla hakijatokea.

Ijumaa, 9 Novemba

Niandike polepole.

Saa nane na nusu ukumbi ulikuwa umejaa. Meza zimesukumwa ukutani, watu wamekaa sakafuni, juu ya meza, juu ya magaloni ya mafuta ya kupikia. Wamalayali wa India, Wapathani wa Pakistani, Wanepali, Waganda wetu, Wakenya wetu. Wametoka kuswali, wametoka kufua, wengine wametoka zamu na buti zina saruji. Shuka la Rispah limetundikwa, jeupe, limepigwa pasi. Yekoniya yuko nyuma, anapitisha mkanda kwenye projekta kwa ncha za vidole. Madam amesimama kando yake na mikono nyuma.

Mimi mbele. Tai. Kipaza sauti. Kurasa tisa.

Filamu ya kwanza, ile ya kuanika nguo. Nikaanza. Mabibi na mabwana, bhai log, karibuni vitani! Huyu ni askari! Sasa atafunga kamba! Kamba itakuwa fupi! Mkaona? Ilikuwa fupi! Sasa litakuja kombora, lakini msiogope, litabanwa kwa vibanio!

Kombora likaja. Likabanwa. Hakucheka mtu.

Nikajua tatizo ni sauti, haitoshi. Nikapandisha. Mtu mmoja akasema "Bhai, khalas," yaani ndugu, yatosha. Nikamshukuru. Wa pili akasema kwa Kiswahili kizuri kabisa ninyamaze. Nikaeleza kwamba naeleza. Ndala moja ikapita karibu na sikio. Nikaieleza pia. Filamu ikaisha, na watu kama kumi wakainuka kwenda zao. Nilimwona Madam. Hakukasirika. Alikuwa amesinyaa tu, kama mtu aliyeleta zawadi kutoka mbali ikafunguliwa vibaya. Hilo liliniuma kuliko ndala.

Filamu ya pili ikaanza, ya supu. Nikafungua ukurasa wa kwanza wa zile nne. Nikavuta pumzi. Nikasema, "Sasa huyu askari..." na hakuna kilichotoka. Nikagonga kipaza sauti. Kimekufa. Nikageuka. Yekoniya alikuwa ameshika waya mkononi, ameuchomoa ukutani, na ananiangalia bila hasira yoyote. Akaweka kidole mdomoni.

Nikaenda nimkabili. Naapa nilikwenda kwa ugomvi! Lakini njia ilipita katikati ya watu, nikakanyaga mguu wa mzee mmoja Mpathani, dereva wa lori. Akanivuta suruali, nikakaa chini pale pale. Basi nikatazama.

Askari yule yule mfupi. Amejitwika chungu cha supu kichwani, anawapelekea wenzake walio mbele kabisa. Risasi inatoboa chungu. Supu inatoka kama bomba. Anaziba kwa kidole. Tundu la pili, anaziba kwa kidole cha mkono wa pili. La tatu, kwa pua. La nne, anavua kiatu, anaziba kwa dole gumba la mguu. Sasa amejikunja kukizunguka chungu kama kaa, na bado anatembea, sijui kwa kiungo gani!

Ukumbi ukapasuka. Watu mia tatu! Yule Mpathani alinipiga bega mpaka likafa ganzi. Mnepali mmoja alianguka kutoka kwenye galoni. Nikageuka kuwaona, na mwanga wa projekta ulikuwa umewashika usoni wote, midomo wazi, meno, machozi, na hakuna hata mmoja aliyehitaji kuambiwa kitu kwa lugha yoyote. Miaka tisini! Mtu alikaa na wino mezani, akachora dole gumba, na dole gumba limefika Al Quoz likiwa zima!

Anafika kwa wenzake. Wanataka supu, lakini akitoa kidole, inamwagika. Wanashauriana. Wanaleta mirija. Wanamzunguka, wanakunywa kupitia matundu, kila mmoja kwake, na yeye katikati hawezi kusogea. Wanashiba. Wanalala. Chungu kikavu. Yeye hakupata hata tone. Anakaa peke yake kwenye matope, ameupa kisogo ukumbi, kofia imeshuka. Hapo kicheko kikakatika. Watu mia tatu wakitazama mgongo mmoja wa wino.

Hapo ndipo ukurasa wangu wa nne ulikuwa na hotuba. Asante, Mungu, kwa ule waya.

Nilimkumbuka babu wa baba yangu, Babu Asava. Alichukuliwa na Waingereza katika vita hiyo hiyo, kubeba mizigo ya jeshi mpaka Tanganyika. Walikwenda ndugu watatu, akarudi mmoja. Hakuwahi kusimulia chochote. Baba husema kitu kimoja tu juu yake: alikuwa akila ugali, ghafla anacheka peke yake, mpaka anaweka tonge chini. Ukimuuliza, anatikisa kichwa. Hatukujua kamwe aliona nini kule. Nyumbani walisema ameharibika akili. Leo, pale sakafuni, nilidhani labda walikosea.

Kwenye shuka, nyumbu wa jeshi akaja polepole. Akamsukuma askari begani. Akainamisha kichwa. Nyuma ya sikio alikuwa ameficha kiazi kimoja. Mwisho.

Hakuna aliyepiga makofi mara moja. Kisha wakapiga mpaka shuka likatikisika. Wakaidai tena. Tukaionyesha mara tatu, na mara ya tatu Mpathani alilia kabla ya kiazi.

Baadaye Madam Odile alitushika mikono. Akamwambia Yekoniya kwamba anakwenda Abu Dhabi wiki ijayo na angependa aende naye, Bwana Zein ameshakubali. Mimi akaniambia nisione haya. Akasema ule ukelele wangu wa Jumapili ndio uliomfanya atafute watu kama sisi, vinginevyo angefunga masanduku Jumatatu na kurudi kwao. Sikujua niseme nini. Kwa hiyo sikusema. Rispah aliuliza kama naumwa.

Jumamosi, 10 Novemba

Yekoniya amepanga begi. Nimempa soksi zangu mpya. Sijui kwa nini.

Nilimuuliza alijuaje kwamba ingetosha bila maneno. Akasema Masaka umeme ulikuwa ukipungua, sauti inakufa na picha inabaki. Alikuwa akikaa kimya kuangalia watu. Wakicheka wenyewe, hasemi kitu. Wakikwama, anasaidia kwa neno moja. Akasema kazi yenyewe ni kujua lini.

Maneno mengi zaidi niliyowahi kumsikia akisema. Nimeyaandika yote. Yana maana kubwa. Nimeyatafakari usiku kucha.

Jumapili, 11 Novemba

Nimeelewa!

Nani alinyamaza kwenye ile filamu ya supu? Mimi. Nani alicheka? Wote. Basi kilichowachekesha ni nini, kama si kunyamaza kwangu? Yekoniya alichomoa waya tu, mtoto yeyote anachomoa waya. Aliyenyamaza ni Gibson! Na nilinyamaza vizuri mno, mara ya kwanza tu, bila mazoezi!

Dubai imejaa makelele, watu wanahitaji kufundishwa. Nimeandaa mhadhara: faida za kunyamaza, historia yake, aina zake kumi na saba, pamoja na mifano kutoka maisha yangu. Saa mbili na nusu, bila mapumziko. Ijumaa ijayo, ukumbi ule ule, kabla ya chakula ili asiondoke mtu. Nimewaeleza wenzangu chumbani tangu asubuhi mpaka mchana huu. Watatu wameshahamia chumba cha pili, nadhani wanakwenda kufanya mazoezi.

Nimempelekea Bwana Zein barua ya maombi, kurasa sita. Naomba viti, maji ya kunywa, na kipaza sauti kipya. Kile cha betri. Hakina waya.